Udongo wa Mwishwa

Mjomba wangu Venansi alizikwa adhuhuri, kambini, na mimi nilikuwa nimejificha nyuma ya choo cha turubai, karibu kabisa na kaburi. Niliona kila kitu kupitia tundu lililochanika. Niliona mkeka ukishushwa. Niliona wanaume wawili wa zamu ya kuzika wakisubiri na makoleo yao, mmoja akitazama jua. Niliona mama yangu akigeuka huku na huku akinitafuta kwa macho, kisha akaita jina langu mara moja, kwa sauti ndogo, kama mtu anayeona aibu kuita. Sikuitika. Walisubiri, wakachoka, wakafukia. Kwa desturi ya ukoo wa mama yangu, mtu aliyezikwa namna ile hajazikwa. Amefunikwa tu.

Mpaka leo, turubai likipigwa na jua na kuanza kutoa ile harufu ya mpira na vumbi, huwa nasahau nilichokuwa nakifanya. Juzi hapa Nemba, ninakoishi tangu nilipoolewa, jirani alitandaza turubai uani aanike mihogo. Upepo ukaleta harufu jikoni kwangu, na maharage yakaungua nikiwa nimesimama mbele yake na mwiko mkononi. Wenzangu mliokulia Ngara miaka ile ya wakimbizi mtanielewa. Turubai lilikuwa paa, lilikuwa mlango, lilikuwa koti la mvua na gunia la kuni. Watoto wa shule walifunikia madaftari yao vipande vyake. Kwangu mimi lilikuwa ukuta niliojificha nyuma yake.

Nyumbani kwetu kulikuwa Mabawe. Mama alizaliwa ng'ambo ya mto Ruvubu, upande wa Burundi, akaolewa upande huu kama wanawake wengi wa rika lake. Zamani hizo hakuna aliyeandikiwa kibali cha kuvuka mto kwenda kuposa. Alikuwa na kaka mmoja tu, Venansi. Vita vilipochacha kwao, Mjomba alivuka na mke wake Skolastika na mtoto wao Deo, aliyekuwa amenizidi miaka miwili. Wengi waliovuka walipokelewa kambini. Yeye alifuata njia za ng'ombe mpaka kwa dada yake, akapewa kibanda nyuma ya jiko letu, akaanza kulima na Baba kana kwamba alikuwa amekuja kusaidia msimu wa maharage. Alifika na jembe lisilo na mpini, sufuria moja, na koti zito la rangi ya majivu lililomfika magotini.

Asubuhi ya kwanza nilimwamkia kama nilivyofundishwa.

"Shikamoo, Mjomba."

"Marahaba, mwishwa wanje," akajibu kwa lugha ya kwao, yaani mwishwa wangu, akanitazama kwa muda mrefu. "Kumbe una pua ya mama yetu."

Neno lenyewe nilikuwa nimelisikia. Wenzangu waliitwa hivyo na wajomba zao wakati wa sikukuu, na niliwaonea wivu. Mwishwa ni mtoto wa dada yako, ikiwa wewe ni mwanamume. Baba hawezi kumwita mtoto wake hivyo, mama hawezi, jirani hawezi. Linatoka kinywani mwa kaka wa mama yako. Mimi nilikuwa na mjomba mmoja duniani, naye alikuwa ng'ambo ya mto, kwa hiyo nilifika umri wa kusoma na kuandika kabla sijaitwa kwa jina hilo hata mara moja.

Siku hiyo nilimfuata Mama shambani nikamwuliza linanipa nini. Alikuwa akichuma kisamvu.

"Mjomba hampigi mwishwa wake," alisema. "Akimpiga, mkono wake utatetemeka mpaka afe. Na mwishwa hanyimwi. Ukiomba kitu nyumbani kwa mjomba wako, utapewa, hata kama ni cha mwisho."

"Na mimi nampa nini?"

"Wewe utamtupia udongo. Siku yake ikifika, udongo wa kwanza ni wako. Si wa mwanawe, si wa mkewe, wala si wangu mimi niliyenyonya naye titi moja. Ukishatupa wewe, ndipo wengine watatupa, ndipo msiba utaondolewa, ndipo watoto wake watalima shamba lake."

Mambo mawili ya kwanza niliyashika vizuri. La tatu niliona ni la watu wazima, nikaliacha hukohuko kwenye kisamvu.

Niliyatumia yale mawili bila huruma. Nilikula viazi vya Skolastika kabla havijaiva sawasawa. Niliomba sufuria nikapikie udongo, nikapewa. Siku moja nikikimbizana na Deo niliangusha mtungi wa rubisi ambao Mjomba alikuwa ameuchachusha kwa siku tatu, ukapasuka, pombe yote ikanywewa na ardhi. Mjomba aliinuka, mkono ukapanda.

"Baba, mkono! Mkono!" Deo alipiga kelele.

Skolastika alikuwa tayari amekaa chini kwa kicheko. Mjomba akautazama mkono wake uliokuwa hewani kana kwamba ni wa mtu mwingine, akaushusha polepole, akajikunia kichwa.

"Bado nautaka," akasema. "Nalimia."

Tangu siku ile Deo aliniita mwizi wa halali. Mjomba naye, wageni wakija, aliwaambia, "Mwishwa ni kunguni. Humfukuzi, humuui, na kitanda ni chake."

Nilikuwa na daftari la kuandika maneno. Sikumbuki nani alinipa wazo hilo. Nadhani nilipenda tu kuona vitu vimepangwa. Shuleni mwalimu alituandikia ubaoni majina ya ndugu kwa Kiswahili, na hapo nikakuta "mpwa: mtoto wa dada". Nikaandika mpwa chini ya mwishwa. Mwenye duka la chumvi na mafuta ya taa alikuwa Mhaya. Nikamwuliza, akasema kwao ni mwihwa. Akaniuliza kwa nini nataka kujua, nikasema kwa sababu na mimi ni mmoja wao, akanipa pipi. Kulikuwa pia na Msukuma aliyehamia na ng'ombe zake kutoka Shinyanga, akasema, "Mwipwa, ndiyo, hata sisi tunao, wasumbufu hivyohivyo."

Jioni nilimsomea Mjomba orodha yangu. Alikuwa akichonga mpini wa jembe. Aliacha panga likae.

"Rudia."

Nikarudia.

"Kwa hiyo wote hao wana wajomba!" akasema, akacheka mpaka akakohoa. "Skola, umesikia? Neno hili limevuka mito yote hiyo na hakuna aliyeliuliza kitambulisho."

Kisha akawa mpole, akaniuliza kama daftari linasema lilianzia wapi. Nikaenda kuuliza jikoni. Mama alisema limetoka kwa waliotangulia. Baada ya miaka mingi, nikiwa mtu mzima, nilisoma mahali kwamba wataalamu wa lugha wanayahesabu yote hayo kuwa neno moja la kale, lililosemwa na watu walioishi kabla hakujawa na Kihangaza chetu wala Kihaya wala Kiswahili, na kwamba tangu huko lilikuwa na maana ileile, mtoto wa dada. Nilipolisoma nilitamani kumpelekea.

Mvua za baridi zilipoanza niliomba koti.

Mama alikasirika kwelikweli. "Huyo mtu hana nguo nyingine ya baridi! Unataka alale na nini?"

"Mwishwa akiomba hanyimwi," nikasema. Nilisema nikiwa nimeweka mikono kiunoni.

"Ameomba," Mjomba akasema, akalivua. Lilikuwa na joto lake bado. Lilinifika kwenye vifundo vya miguu, na shuleni walinicheka kuwa nimevaa nyumba, lakini sikulivua mpaka mvua zikaisha.

Ndipo lilipokuja tangazo kwamba watu wote wa ng'ambo wanaoishi vijijini wanatakiwa kambini. Sisi watoto tulilisikia kama tunavyosikia matangazo, la wengine. Lori lilifika asubuhi, shule zikiwa zimefungwa. Baba alikuwa amekwenda Kibimba kwenye posa ya binamu yake. Walishuka askari wawili, pamoja na mwenyekiti wa kitongoji akiwa na karatasi ya majina.

Askari mmoja, kijana mwenye sauti iliyokauka, alimwelekea Mama.

"Wewe mama, mwenyeji wa wapi?"

Kiswahili cha Mama kilikuwa cha sokoni na kanisani, na kila alichosema kilikuwa na Kirundi ndani yake. Alifungua kinywa. Kabla hajatoa neno, Mjomba alitokea nyuma ya jiko, mikono ikionekana yote miwili.

"Mgeni ni mimi, afande. Huyu ndiye mwenye nyumba."

"Ndugu yako?"

"Hapana, afande. Namlimia tu. Mimi kibarua."

Mwenyekiti, ambaye alikuwa amekunywa rubisi ya Mjomba si mara moja, aliinamia karatasi yake na kuisoma kwa makini sana.

Nilikuwa nimeushika mkono wa Mjomba. Askari akanielekezea kidevu. "Na huyu anayekung'ang'ania?"

"Mtoto wa mwenye nyumba," Mjomba akasema. Akaanza kuondoa vidole vyangu, kimoja kimoja. "Watoto huzoea watu."

"Mjomba," nikasema, "ni mimi."

Hakunitazama. Askari akacheka. "Siku hizi kila mtu mjomba."

Skolastika akapanda lori na sufuria yake, Deo akapanda, Mjomba akapanda wa mwisho. Mama alibaki amesimama mlangoni mwake, mdogo wangu mgongoni, hasemi, halii, mkono mmoja umeshika fremu ya mlango. Nilimkasirikia yeye pia. Sikuelewa kwa nini hakumwambia askari.

Nilikaa nyuma ya jiko nikalipanga jambo lile kama nilivyopanga maneno daftarini. Mjomba ameulizwa mbele ya serikali mimi ni nani kwake. Amesema si kitu. Amesema mbele ya mwenyekiti, mbele ya mkewe na mtoto wake, kwa hiyo kuna mashahidi. Basi mimi si mwishwa tena. Sababu nayo niliipata bila shida: ni lile koti. Nilikuwa nimedai kupita kiasi, na desturi ilikuwa imenichoka.

Mama alianza kwenda kambini Jumapili moja moja, akidandia magari ya ndizi, na kikapu cha viazi. Kila mara aliniita twende. Nilikuwa na tumbo, nilikuwa na kazi ya shule, nilikuwa na kiatu kilichokatika. "Mjomba wako anakuuliza," aliniambia akirudi. Nilimpa koti alirudishe. Akaenda nalo, akarudi nalo.

"Amesema kilichotolewa hakirudi."

Nilichokisikia mimi ni kwamba hataki kitu kilichopita mikononi mwangu. Nililisukuma koti chini ya kitanda, likakaa huko na panya.

Habari ililetwa na mtu aliyeuza mtama. Alisimama nje ya ua na hakuomba maji. Kifua, alisema, na mvua zilikuwa nyingi huko, na mablanketi hayakutosha watu. Amekufa alfajiri.

Tulifika kambini kabla ya adhuhuri. Skolastika alikuwa amekaa chini, kanga imefungwa tumboni. Aliponiona alinyoosha mikono yote miwili.

"Mwishwa amekuja," akawaambia watu. "Sasa tunaweza kuzika."

Watu wakanipisha. Wageni kabisa, watu wa vilima nisivyovijua, wakasogea ili nipite, mzee mmoja akavua kofia. Na mimi nilijua jambo ambalo wao hawakulijua. Nilijua kwamba marehemu mwenyewe alikuwa amenivua jina hilo. Kama ningetupa udongo bila haki, ningemletea mkosi huko aendako, yeye na Skolastika na Deo. Sikuwa na ujasiri wa kulisema hilo mbele ya watu wanaolia. Mkeka ulipoinuliwa nikajitoa katikati ya kanga za wanawake, nikazunguka vibanda viwili, nikaingia nyuma ya choo. Turubai lilikuwa la moto, likininukia puani. Nililia pale kwa sauti ya chini nikiwaona wanamfukia, na wakati huohuo nikijiona nimefanya wema.

Wale wa zamu walikuwa na makaburi mengine ya kuchimba, wasingeweza kusubiri. Deo hakutupa udongo. Alisimama na ngumi imefumbwa, udongo ndani yake, mpaka wote walipoondoka.

Mama hakunipiga. Tulitembea muda mrefu kwenye barabara ya vumbi, yeye mbele, mimi nyuma. Kisha, bila kugeuka, akasema, "Niambie tu. Alikukosea nini?"

"Alisema mimi ni mtoto wa mwenye nyumba."

Akasimama.

"Alisema mbele ya askari," nikaendelea. "Mimi si mwishwa wake. Ningetupaje?"

Mama aliweka kikapu chini, akakaa kando ya barabara, palepale kwenye vumbi, lori la mahindi likatupita na bado amekaa. Alipoanza kusema alisema taratibu, kama anayemfundisha mtoto mdogo zaidi yangu.

"Angesema wewe ni mwishwa, mimi ningekuwa nani?"

Nikafuta vumbi usoni.

"Ningekuwa dada yake. Na dada yake ni mtu wa wapi?"

"Wa ng'ambo."

"Ningepanda lori, mwanangu. Mimi, labda na wewe, labda na mdogo wako aliyekuwa mgongoni. Baba yenu angerudi kutoka Kibimba akute nyumba wazi. Venansi hakuweza kukutaja wewe bila kunitaja mimi. Ndiyo maana yake hilo neno."

Nilikuwa nimeliandika daftarini katika lugha nne, na sikuwa nimeliona hilo. Mama alikuwa ndani yake. Alikuwa ndani yake katika lugha zote nne.

"Alikuuliza mpaka Jumapili iliyopita," Mama akasema. "Nilimwambia una mtihani. Akawaambia watu wa kibanda cha pili kwamba mwishwa wake ana mtihani."

Hapo ndipo alipolia. Sikuwahi kumwona akilia namna ile, wala sikumwona tena.

Msimu ule kutoka kambini na kuingia kulianza kuhitaji vibali, na vibali vilikuwa na siku zake. Ilipita zaidi ya miezi miwili kabla hatujaweza kurudi. Muda wote huo Skolastika hakunyoa nywele za msiba wala hakubadili kanga. Wenzake walipanda mchicha kando ya vibanda vyao; yeye na Deo hawakupanda hata mbegu moja, kwa sababu msiba ulikuwa bado umekaa ndani. Huko kwao kuondoa msiba huitwa kugandura, na haiwezekani kugandura mtu ambaye hajatupiwa udongo wa kwanza. Watu walikuwa wameanza kumwogopa yule mjane mwenye nywele zilizosongamana.

Tulikwenda wote wanne makaburini. Tulipofika, Mama alisimama.

Safu zilikuwa zimeongezeka. Tulipoacha ardhi tupu sasa palikuwa na vichuguu vya udongo, virefu na vifupi, na vifupi vilikuwa vingi. Misalaba ya fito haikuwepo tena. Watu walihitaji kuni, na fito ni fito. Choo nacho hakikuwepo. Kilikuwa kimejaa na kuhamishiwa upande mwingine, na shimo lake limefukiwa likafanana na makaburi.

Skolastika alitembea safu moja, akarudi. Siku ya mazishi alikuwa ameinamisha uso. Deo alionyesha mahali, kisha akaonyesha pengine, kisha akashusha mkono. Mama akanishika bega.

"Wewe uliona," akasema. "Ulikuwa umesimama mahali, unaangalia. Na macho yako hayapotezi kitu, nakujua. Ni lipi?"

Wote watatu wakanitazama. Nilitafuta mahali choo kilipokuwa. Nilidhani nimepapata. Nikafumba jicho moja kama vile natazama tena kupitia tundu, nikahesabu hatua kichwani, nikatembea. Nilifika katikati ya vichuguu viwili vyenye urefu mmoja. Cha kushoto kilikuwa kimebomoka kidogo na mvua. Cha kulia kilikuwa na jiwe.

"Ni hili," nikasema, nikaonyesha la kulia.

Sikujua. Nataka niandike hivyo bila kulizungusha: sikujua. Lakini Skolastika alikuwa tayari amepiga magoti. Nikachota udongo, nikautupa, nikasema maneno ambayo Mama alikuwa amenifundisha njiani, kwamba mtoto wa dada yako amekuja, lala. Deo akatupa wake. Mama akatupa wake. Wiki ile Skolastika akanyolewa, akafua, akapanda mchicha. Walipokuja kurejea kwao baada ya miaka, Deo alilima shamba la baba yake, akaoa, akazaa. Kila kitu chao kilisimama juu ya kidole changu.

Nilikusudia kumwambia Mama. Nilisema nitamwambia nikimaliza shule, kisha nikiolewa, kisha akipona. Alifariki mwaka juzi. Deo alivuka kuja kumzika. Kwa Mama, mtu wa kutupa udongo wa kwanza alikuwa yeye, mtoto wa kaka yake; hakuwa na shaka na hakuchelewa. Baada ya matanga Deo akaniambia ana mfuko wa saruji na nondo mbili kwenye pikipiki.

"Mwizi wa halali," akasema, "nipeleke kwa Mzee. Nimwekee msalaba usiochomwa kuni."

Kambi imekuwa mashamba ya mihogo. Makaburi yameachwa na wenye mashamba, nadhani kwa woga, nayo yamekuwa matuta ya chini yenye nyasi. Pikipiki ilitujaza vumbi mwili mzima. Nilikuwa nimepanga kumwambia njiani, kisha tukishuka, kisha kabla hajachanganya saruji. Alifanya kazi akiimba, mtu mwenye mvi sasa, akinisimulia jinsi mwanawe wa kwanza alivyofanana na babu yake.

"Ni hapa, eh?" akaniuliza, sepetu mkononi.

Jiwe lilikuwepo. Kulikuwa na mawe mengine.

"Hapa," nikasema.

Akaandika jina la baba yake kwenye saruji mbichi kwa msumari, herufi kubwa, akazirudia ziwe na kina.

Mwezi uliopita nilikuwa na safari ya Ngara mjini nikapita pale. Nyasi kuzunguka msalaba zilikuwa zimefyekwa, na ardhi imefagiliwa. Alama za ufagio zilionekana. Kwenye mkono mmoja wa msalaba palining'inia rozari nyeupe ya plastiki, mpya. Nilimpigia Deo nikiwa nimesimama palepale. Hajavuka tangu mwaka juzi, alisema, na Skolastika hatoki tena kitandani. Akafurahi. Alidhani ni mimi niliyefyeka.

Mwanamke mmoja alikuwa akipalilia mihogo karibu na hapo. Nilimsalimu, nikamwuliza.

"Kuna bibi huwa anakuja," akasema. "Hajui kusoma, maana aliniuliza hapo pameandikwa nini, nikamwambia ni jina la mtu. Akasema sawa, wamemwandika. Anakaa hapo kwa huyo marehemu wake, halafu anaondoka."

"Anatoka wapi?"

Alinyoosha jembe kuelekea barabarani, ambako magari hupita kwenda kila upande.